Pointi za Mkono wa Mama

Nyumbani, ghorofa ya pili,
mlango uleule wa kijani,
Jumapili, tarehe 9 Machi.

Mpendwa mdogo wangu Kitinda,

Pokea salamu zetu sote, kuanzia kwa Mama mpaka kwa paka wa jirani ambaye sasa anaishi kwetu. U hali gani huko kambini? Kifua kimeachia, au bado unakohoa kama siku ile tulipozungumza? Moshi wa kuchomelea si wa kuchezea. Vaa kile kitambaa cha puani hata wenzako wakikucheka. Usingizi unaupata? Chakula je? Ukinijibu, jibu kila swali. Usiniandikie "mimi mzima" kisha ukaanza kunisimulia habari za mabomba.

Sisi huku hatujambo. Shemeji yako mguu umepona, amerudi kazini kwenye duka la vioo na ameanza tena kumlalamikia bosi wake, kwa hiyo ujue ni mzima kabisa. Mpwa wako amefaulu mitihani, ila kwenye hesabu amepenya tundu la sindano. Kaulize kwa nani amerithi, maana mimi sijui.

Bomba la jikoni bado linavuja. Jirani wa juu amenunua viatu vya visigino, na sisi tunaoishi chini yake tunajua ameamka saa ngapi, ameoga saa ngapi na ametafuta funguo zake mara ngapi. Ni mtu mwema lakini. Utamsikia tena huko mbele.

Sasa nije kwenye jambo lililonikalisha mezani. Kitinda, ile habari tuliyokupa kwenye simu, kwamba mkono wa Mama umeanza kufanya kazi, haikuwa kweli. Hakuna aliyekusudia kukudanganya. Lakini kwa sababu ya habari hiyo umeahirisha likizo yako ya Aprili, na umesema mwisho wa mwezi huu utatia saini kuendelea na kazi mpaka Desemba. Ndiyo maana nimeandika badala ya kupiga. Kwenye simu Mama hunipokonya, na simu ikishakuwa mkononi mwake kila kitu huwa kizuri. Soma mpaka mwisho kabla hujatia saini chochote.

Nikueleze ilivyokuwa. Unajua mimi ndiye mshika funguo wa maabara ya shule. Kazi yangu ni kufungua, kuhesabu chupa, kufuta meza na kufunga. Mwaka huu mwalimu wa fizikia, ambaye wanafunzi humwita Volti, alianzisha darasa la Jumamosi kwa watu wasiojua kitu, la kutengeneza michezo midogo kwenye bodi za kompyuta. Kwa kuwa mlango haufunguki bila mimi, ikabidi nikae. Nikakaa nyuma na sweta langu la kufuma. Jumamosi ya pili sweta likabaki nyumbani.

Usifikirie kompyuta kama ile ya ofisini kwenu. Bodi yenyewe inaenea kiganjani. Pembeni ina pini za kuungia waya, juu ina kioo kidogo kinachoonyesha vidoti vya mwanga, na ina kitufe kimoja kidogo sana. Haijui lolote mpaka uiandikie maagizo kwenye kompyuta kubwa, mstari kwa mstari, kisha uyapeleke kwa kebo. Somo la kwanza ni kuwasha taa na kuizima. Usicheke. Ile taa ilipowaka kwa amri yangu, niligeuka huku na huku kutafuta mtu wa kumwonyesha.

Halafu ukubali kufundishwa adabu. Ukiiambia isubiri kidogo, inataka kujua kidogo ni kiasi gani. Ukisahau alama moja, inanyamaza kama mkwe aliyeudhika, na haikuambii kosa ni nini. Mlinzi wa getini, ambaye naye anasoma nasi, alihangaika asubuhi nzima na mchezo wake wa kumkamata mwizi, kumbe mwizi alikuwa anakimbilia nje ya kioo na hakuna aliyemwambia arudi. Mimi nilipenda sana kazi hii. Umri huu sikutegemea kupenda kitu kipya.

Mchezo wa kwanza tuliofundishwa ni wa kudaka kidoti. Kidoti kinaanguka kutoka juu ya kioo, na kikigusa mstari wa chini unabonyeza kitufe. Ukiwahi, unapata pointi. Ukichelewa, kinapotea na kingine kinaanza. Basi, ni hivyo tu, na watu wazima walikuwa wanagombania zamu.

Nikamfikiria Mama. Tangu apate kile kiharusi mguu umerudi vizuri na ulimi wake, kama unavyousikia, haukuguswa. Mkono wa kulia ndio uliobaki umelala pajani. Mtaalamu wa viungo anayekuja nyumbani, ambaye sisi tunamwita Bibi Nyoosha kwa sababu hilo ndilo neno lake kuu, alimletea mpira laini wa kuminya. Mama akautupa chini ya kiti. Alisema yeye alikuwa mpiga chapa wa ofisi kubwa, si paka wa kuchezea mpira. Bibi Nyoosha alibembeleza, mimi nikabembeleza, shemeji yako akajaribu ukali kidogo na akajuta.

Nikaona mtu aliyepiga chapa maisha yake yote hatakataa kitufe. Kile cha kwenye bodi ni kidogo mno kwa mkono wake, hivyo nikatafuta kitufe cha kengele ya mlango, kipana, kinacholia "tak" ukikibonyeza sawasawa. Nikakikaza kwenye kipande cha ubao, nikakiunga kwenye bodi kwa waya mrefu unaofika mpaka kwenye kiti chake cha dirishani. Nikauweka mkono wake wa kulia juu yake, nikawasha mchezo.

Pointi zikaanza kuingia. Siku ya kwanza zilikuwa chache, kesho yake zikaongezeka. Vidole tuliviona vikitetemeka, na kwa hamu tuliyokuwa nayo tukasema vinabonyeza. Mama hakusema neno, akawa anatabasamu tu.

Jioni zetu zikabadilika. Shemeji yako, ambaye zamani akitoka kazini alikuwa anasalimia na kupitiliza chumbani, akawa anavuta kiti na kukaa. Mpwa wako akaweka simu yake kabatini, jambo ambalo sijawahi kuliona tangu aipate. Jirani wa juu akashuka na visigino vyake. Kila kidoti kikidakwa tunapiga makofi. Jioni moja kama hiyo ndiyo tuliyokupigia. Ulisikia yale makofi ukacheka mpaka kikohozi kikakushika, na ukasema sasa roho yako imetulia, unaweza kuendelea mpaka mwisho wa mwaka bila wasiwasi.

Katika watu wote tuliojazana sebuleni hakuna aliyejiuliza mbona ile "tak" haisikiki. Makofi yalikuwa mengi mno.

Jumamosi iliyofuata nikaibeba bodi na kitufe chake mpaka darasani. Sikufichi, nilikwenda kujipiga kifua. Nikaviweka mezani, nikaviwasha, nikaanza kuwasimulia habari za Mama na mkono wake. Katikati ya hadithi nikaona watu hawanitazami mimi, wanatazama kioo. Kitufe kilikuwa peke yake mezani, hakuna aliyekigusa, na pointi zilikuwa zinapanda.

Mwalimu Volti hakucheka. Aliufuata waya kwa kidole mpaka kwenye bodi, akauliza rezista iko wapi, kile kijidude kinachoushikiza waya utulie kitufe kisipobonyezwa. Sikuweka. Kile kitufe kilichokuja na bodi kina rezista yake tayari, kwa hiyo darasani hatukuwahi kuihitaji. Hiki cha kengele nilikileta mimi, na ilinipasa nikiwekee. Akanieleza taratibu kwamba waya usioshikizwa upande wowote unaelea. Haujui kama umebonyezwa au haujabonyezwa. Unaokota kila kinachopita, umeme wa ukutani, mkono wa mtu uliolala karibu, na bodi inasadiki yote. Waya ukiwa mrefu kama wangu, mambo yanazidi.

"Kila anayeanza hulifanya kosa hili," aliniambia. "Ila kwa kawaida linatuwashia taa tu."

Nilifunga maabara nikarudi nyumbani kwa miguu, rezista ikiwa mfukoni. Nililia barabarani, tena mbele za watu, na sikuona haya. Nilikuwa namfikiria Mama atakavyoupokea ukweli, na nilikuwa nakufikiria wewe.

Nilimkuta peke yake dirishani. Nikavuta kigoda, nikamwambia zile pointi hazikuwa za mkono wake, lilikuwa kosa langu la waya.

"Najua," alisema.

Nikadhani hajanielewa. Nikaanza kueleza tena, akanikata.

"Maisha yangu yote nimepiga chapa. Unadhani sijui kidole changu kikibonyeza na kisipobonyeza? Hicho kitu chako hakijalia hata mara moja."

Nikamuuliza, sasa kwa nini alinyamaza.

"Mlikuwa mnakaa," alisema. "Kabla ya hapo mlikuwa mnanisalimia mkipita. Halafu Kitinda akacheka. Nikasema basi, kama wamenivika kilemba cha ukoka, nitakivaa."

Maneno hayo yaliniuma kuliko kosa lenyewe, na bado yananiuma ninapoyaandika. Mama tunaishi naye nyumba moja. Tulikuwa tunampikia, tunamwogesha, tunampa dawa kwa saa zake, na tulidhani huko ndiko kumtunza. Kumbe alikuwa na njaa ya watu.

Nilipomwambia kwamba ni lazima tukujulishe, akakataa katakata. Alisema nikuache ufanye kazi yako. Nikamtupia methali, nikamwambia mficha maradhi kifo humuumbua. Akanijibu kwamba methali hiyo alinifundisha yeye, kwa hiyo nisimwuzie ng'ombe aliyemfuga mwenyewe. Sijui hilo kalitoa wapi. Tulikwaruzana siku hiyo yote, naye hakulegea, na ndiyo sababu barua hii imechelewa.

Nikaweka rezista na pointi zikawa sifuri. Wa nyumbani niliwaambia yote, hata lile la "mlikuwa mnakaa". Shemeji yako jioni hiyo alivuta kiti chake, na kila jioni tangu hapo anakivuta, ila makofi yaliisha. Kidoti kinaanguka, kinapotea. Kinaanguka, kinapotea. Ukimtazama Mama usoni unamwona anabonyeza kwa nguvu zake zote, jasho linamtoka kwenye paji, na vidole vimelala vilevile. Kuna jioni alikisukuma kile kipande cha ubao kwa mkono wa kushoto kikaanguka chini, akasema apelekwe akalale. Jua lilikuwa halijazama.

Nilitaka kuuondoa mchezo ule nyumbani. Nilikuwa nimeshaanza kufungua nyaya aliponiuliza:

"Kwani lazima kianguke?"

"Nini, Mama?"

"Hicho kidoti. Si wewe unayekiamuru? Kiambie kikae. Mimi sishindani nacho mbio."

Kitinda, nilikuwa nimeshapunguza kasi. Nilikuwa nimeshakikuza kidoti kikawa kama punje ya dengu. Kukiambia kisubiri hakukunijia akilini kabisa, kwa sababu nilifundishwa kwamba mchezo ni kuwahi. Nikafuta mistari michache nikaandika mmoja: kaa hapo mpaka kitufe kibonyezwe. Ni amri rahisi kuliko zote nilizojifunza.

Kikakaa. Kilikaa chini ya kioo kinawaka, asubuhi ikapita. Nikafua, nikaanika, nikarudi, nikakikuta palepale, na Mama anakitazama. Kesho yake vilevile. Bibi Nyoosha alikuja, akaushika mkono, akaunyoosha kama kawaida yake, akauliza huu ni mchezo gani usiochezeka. Mama akamwambia ni wa watu wenye subira, na yeye aendelee na kunyoosha.

Alhamisi nilikuwa jikoni namenya vitunguu, shemeji yako na mpwa wako hawajarudi, nikasikia tak.

Sikukimbia. Nilisimama na kisu mkononi nikingoja nyingine. Haikuja. Nilipotoka sebuleni kioo kilikuwa kinaonyesha moja, na kidoti kipya kilikuwa kimeshakaa mahali pake. Wala hakikuwa kidole cha shahada, ambacho sote tulikuwa tunakikodolea macho. Lilikuwa dole gumba. Mama alikuwa amechoka kama mtu aliyepandisha gunia ngazi zote hizi. Nilitaka kupiga makofi, nikajizuia. Nikakaa.

"Sasa mwandikie," aliniambia. "Mwambie ni moja. Lakini hiyo ni yangu."

Basi ndiyo nimekuandikia. Tangu Alhamisi ile kuna siku imepatikana na kuna siku haikupatikana. Bibi Nyoosha amelikagua lile dole gumba, amefurahi, na amesema huo ni mwanzo tu na safari ni ndefu. Daktari hakutuficha pia. Presha ya Mama bado inapanda, na kiharusi cha pili kinaweza kuja au kisije, hakuna anayejua. Sikuandikii haya kukutia hofu. Uliamua ukiwa na habari ya uongo mkononi, na mimi ndiye niliyekupa. Ni haki yako uamue upya ukiwa na ya kweli.

Mama hatakuomba uje. Hata ukimuuliza atakwambia usijisumbue, na atakwambia kwa sauti nzuri kabisa. Mimi ndiye ninayekuomba. Njoo Aprili kama ulivyopanga mwanzo. Kama msimamizi wako atakataa, niambie mapema, na sitakulaumu, lakini muulize kwanza. Usijibebeshe zawadi. Njoo uvute kiti.

Kidoti nimekiandikia amri ya kusubiri, na kinasubiri. Kwa Mama sina amri ya namna hiyo.

Meza yako ya zamani nimeijaza waya na kompyuta niliyoazimwa shuleni, nitaiondoa ukinijulisha tarehe. Kitanda kipo. Godoro tulilianika juzi.

Nisalimie yule mwenzako wa chumbani anayekupikia, mwambie namshukuru. Shemeji yako anakusalimu na anasema usimletee tena shati la mistari. Mpwa wako anakusalimu, amekuandalia mchezo wake mwenyewe na anaapa hutamfunga. Jirani wa juu naye anakusalimu ingawa hamjawahi kuonana, kwani sasa anajiona mtu wa nyumbani. Bibi Nyoosha anasema ukija utapewa zamu ya kunyoosha.

Mungu akukinge na moto wa kazi yako, akuhifadhie macho na vidole vyako vyote, na akufikishe kwetu salama.

Mimi dada yako, nikupendaye hata ninapokugombeza,
Mshika Funguo.

Hiyo alama ya wino hapo chini, iliyokaa upande na kuvuka ukingo wa karatasi, usidhani ni uchafu. Ni dole gumba la Mama, la mkono wa kulia. Mimi nilimshikia karatasi tu. Kwenye wino alichovya mwenyewe, na hapo amebonyeza mwenyewe.